Sifa za Amashakwe

Mtoto wa Uvira hukulia kati ya gitaa na ngoma. Gitaa lilitujia kutoka kusini, kwa treni ya Katanga hadi Kalemie, ambayo Wabelgiji waliiita Albertville, kisha kwa meli hadi bandari ya Kalundu, pamoja na magunia, baiskeli na watu waliokuwa wakirudi kutoka migodini. Ngoma haikuhitaji meli. Ipo ng'ambo ya mto Ruzizi, kwa jirani yetu Burundi, na usiku ukisimama ufukweni Kavimvira unaziona taa za Bujumbura zikiwaka upande wa pili wa maji. Sisi watu wa ncha ya kaskazini ya Ziwa Tanganyika tumekula ndakala wa ziwa moja na kusikiliza redio za nchi tatu: ya kwetu Kongo, ya Burundi, na ile ya Dar es Salaam iliyokuwa ikitufikia usiku hali ya hewa ikiwa nzuri. Mpaka umefungwa mara nyingi, kwa vita au kwa siasa. Sauti zimeendelea kupita.

Gitaa limeshasifiwa sana, na linastahili. Mtafiti wa muziki Hugh Tracey alipomkuta Jean Bosco Mwenda mjini Jadotville, Likasi ya leo, mwaka 1952, na kumrekodi akipiga "Masanga" kwa kidole gumba na cha shahada tu, jina la kijana huyo wa Bunkeya lilianza safari iliyomfikisha Nairobi, na mwaka 1969 jukwaani kwenye tamasha la Newport, Marekani. Mpiga gitaa ana jina. Mpiga solo wa orkestra ana jina, na mara nyingi huitwa kwa jina hilo ndani ya wimbo wenyewe ili dunia isimsahau. Mimi nataka kuwasifu wengine. Nawataka wale wanaosimama pembeni na kupiga jambo lile lile tangu mwanzo hadi mwisho ili mwenzao apate nafasi ya kuruka. Katika ngoma za Burundi hao ndio wapigao amashakwe, ngoma zisizonyamaza. Nitawafikia kwa kupitia rock and roll, kwa sababu muziki huo uliwachukua, ukawapeleka mbali kuliko walivyoweza kufikiri, wala haukuwauliza wanaitwa nani.

Wanaoandika historia ya rock and roll hupenda kumtafuta mtu wa kwanza. Wapo wanaomtaja Sister Rosetta Tharpe, mwimbaji wa nyimbo za kanisa aliyelishika gitaa la umeme na kulitetemesha wakati vijana waliokuja kusifiwa kwa kazi hiyo wangali watoto. Wapo wanaotaja "Rocket 88" ya mwaka 1951, iliyorekodiwa Memphis na Jackie Brenston pamoja na kundi la Ike Turner: amplifaya iliharibika safarini, ikajazwa karatasi ndani, na mkoromo wake ukaingia kwenye sahani ukabaki humo. Yupo Chuck Berry na "Maybellene" yake ya 1955. Yupo Elvis Presley, kijana Mzungu wa Memphis, ambaye sahani yake ya kwanza, Julai 1954, ilibeba wimbo wa Arthur Crudup, Mmarekani Mweusi wa Mississippi. Mjadala huo hauishi, nami naona hauwezi kuisha, kwa kuwa unawapanga watu wa mbele tu na kuwapima vimo. Uliza ni nani aliyekuwa ameketi nyuma yao na vijiti viwili mkononi, na utajikuta New Orleans.

Katika mji huo, mwaka 1817, serikali iliamuru watumwa wasikusanyike ovyo siku za Jumapili, ila mahali pamoja palipotengwa. Mahali hapo, nyuma ya mji wa zamani, pakaja kujulikana kama Congo Square. Mchora majengo Benjamin Latrobe alipita hapo mwaka 1819, akasikia kishindo kabla hajaona kitu, kisha akawakuta mamia ya watu wamejipanga kwa duara, na ngoma zikipigwa katikati ya kila duara. Sidai kwamba waliopiga siku ile walikuwa watu wa ziwa letu. Waliokamatwa katika nchi hizi walipelekwa upande mwingine, kwa misafara ya Ujiji, hadi pwani na Unguja. Waliovushwa Atlantiki wengi wao walitoka upande wa machweo, Kongo ya chini na Afrika Magharibi. Lakini umbo la lile duara mtu wa kwetu angelitambua mara moja: wengi wanaoshika, mmoja anayecheza.

Hatua chache kutoka hapo, katika mtaa wa Rampart, Cosimo Matassa alikuwa na studio ndogo nyuma ya duka. Tarehe 10 Desemba 1949 Fats Domino alirekodi humo "The Fat Man". Nyuma yake, kwenye bateri, yaani ngoma za bendi, aliketi Earl Palmer, mzaliwa wa mji huo huo, ambaye tangu utotoni alipanda majukwaani pamoja na mama yake akicheza dansi ya kugonga viatu. Mapigo aliyajua kwa miguu kabla ya kuyajua kwa mikono. Bendi za jazz za New Orleans zilikuwa na desturi ya kulitia nguvu pigo la pili na la nne mwishoni tu, wimbo unapofikia kilele na watu wote wanapiga pamoja. Palmer aliona wimbo huu unahitaji nguvu hiyo tangu mwanzo. Akaanza pale wenzake walipokuwa wakimalizia, na hakushuka hadi mwisho.

Miaka sita baadaye, Septemba 1955, alikuwa katika studio hiyo hiyo na Little Richard wakirekodi "Tutti Frutti". Palmer alikuwa mwanajazz, na mkono wa mwanajazz huyumba kidogo, hurefusha pigo moja na kufupisha jingine. Mkono wa kulia wa Richard kwenye piano haukuyumba. Uligonga mapigo manane yaliyo sawasawa katika kila kipande. Palmer alieleza baadaye kwamba ule mdundo ambao watu wanauita wa rock and roll ulimjia kwa sababu moja tu, kujaribu kulingana na mkono huo. Hakuwa akitafuta kuanzisha zama mpya. Alimsikiliza mwenzake, akanyoosha mapigo yake, na muziki wa vijana wa nusu ya dunia ukanyooka naye. Fundi wa kweli namjua kwa jambo hilo: sikio lake hufanya kazi kabla ya mkono.

Sasa tuvuke Ruzizi.

Ngoma ya Burundi huanza na mti. Warundi huuita umuvugangoma, na katika sehemu nyingi za Tanzania hujulikana kama mringaringa. Gogo zima huchongwa nje na kutobolewa ndani hadi libaki ganda la ubao, pana juu na lenye kupungua kuelekea mguuni. Ngozi ya ng'ombe iliyoloweshwa huvutwa juu ya mdomo wa gogo na kupigiliwa vigingi vidogo vya mti kuzunguka ukingo wote. Hakuna skrubu ya kukazia sauti. Ngozi hukauka, hujikaza yenyewe, na kazi ya mchongaji huonekana siku hiyo: kama ganda ni nene upande mmoja kuliko mwingine, au kama ngozi ilivutwa kwa pupa, hakuna ufunguo wa kurekebisha. Kisha chombo hicho kizito hupandishwa kichwani. Wapigaji huingia uwanjani kwa msururu, ngoma zikiwa juu ya vichwa, na wanapiga huku wanatembea, mwili wima, shingo haitikisiki.

Wakifika huzishusha na kuzipanga nusu duara. Idadi yake kwa desturi ni witiri, kumi na kitu au zaidi. Katikati huwekwa inkiranya, ngoma inayoongoza. Ngoma nyingine, ibishikizo, hufuata linaloamriwa na inkiranya: ikibadili mwendo, zinabadili, ikinyamaza, zinanyamaza. Zilizobaki ndizo amashakwe. Hizo hazifuati wala haziongozi. Zina mdundo mmoja usiokatika, na wote wengine hutembea juu yake.

Mara ya kwanza macho hayawaoni wapigaji wa amashakwe. Macho humfuata kijana aliyeruka kutoka kwenye nusu duara hadi mbele ya inkiranya, anayerusha magoti hadi kifuani, anayepitisha kijiti shingoni kana kwamba anajichinja, anayeiangalia ngoma kama adui kisha kama mchumba. Anacheza, anapiga, anacheza tena. Ndipo ujaribu jambo hili: acha kumtazama. Geuza macho upande ambako watu wanapiga bila kucheza, na uwaangalie mabega. Bega halipandi. Nguvu hutoka kwenye kiwiko na kifundo, kijiti hushuka kwa uzito wake chenyewe na ngozi ndiyo inayokirudisha juu. Anayepiga kwa bega zima atachoka kabla mchezaji wa pili hajatoka, na akichoka ataanza kukimbia, kwa sababu mkono uliochoka hukimbilia mwisho wa kazi. Wavuvi wetu waliposafiri kwa makasia usiku kwenda rasi ya Ubwari walilijua jambo hilo: anayevuta kwa hasira huwachosha wote mtumbwini. Kushika mapigo ni kazi ya kujizuia. Mchezaji anaruka mbele yako, watu wanashangilia, damu yako inataka kuruka naye, na wewe unabaki palepale, kasi ile ile, uzito ule ule, kwa sababu ukiongeza hata kidogo utamnyang'anya ardhi chini ya miguu.

Halafu linatokea jambo ambalo ndilo hasa linalonifanya niandike. Aliyekuwa mbele anamaliza. Anatoa ishara, anarudi kwenye nusu duara, anachukua vijiti na kuanza kushika. Aliyekuwa akishika anatoka na kuruka. Baada yake mwingine, na mwingine tena, hadi kila mmoja awe amepata zamu yake kwenye inkiranya na kila mmoja awe amerudi kuwashikia wenzake. Hakuna mchezaji wa kudumu wala mtumishi wa kudumu. Anayeruka vizuri anajua ugumu wa kushika, maana ametoka huko sasa hivi na anarudi huko sasa hivi. Nimezisikiliza orkestra nyingi maishani mwangu, na nyingi nimezipenda kwa moyo wote, lakini sijaona haki iliyopangwa kwa uzuri namna hiyo ndani ya muziki wenyewe.

Ngoma hizi zilikuwa za mwami, yaani mfalme. Zilipigwa anaposimikwa na anapozikwa, na katika umuganuro, sikukuu ya mtama ya mwezi Desemba, ambapo ngoma kuu Karyenda ilitolewa nje. Huko Gishora, karibu na Gitega, Mwami Mwezi Gisabo aliacha katika karne ya 19 makao yenye ngoma za heshima, Ruciteme na Murimirwa, na koo zilizokabidhiwa kazi hiyo ziliirithisha baba kwa mwana. Kisha, tarehe 28 Novemba 1966, Waziri Mkuu Michel Micombero aliuondoa ufalme na kutangaza jamhuri. Ngoma zilibaki bila mwenyewe.

Mwaka mmoja baadaye, 1967, Mfaransa Michel Vuylsteke alifika Burundi na mashine ya kurekodi. Alirekodi mengi: salamu za wanawake zinazoimbwa, zeze la upinde, na inanga, ambayo mpigaji wake huimba kwa kunong'ona ili nyuzi zisifunikwe. Alirekodi pia kundi la wapigaji zaidi ya ishirini na ngoma zao. Yote hayo yalitoka mwaka 1968 katika sahani iitwayo "Musique du Burundi", chini ya Ocora, idara ya sahani ya redio ya Ufaransa. Fikiria mikono hiyo ilikuwa katika hali gani. Ilikuwa imefunzwa na watu waliopiga kwa ajili ya mfalme, na mfalme alikuwa ameondoka juzijuzi. Hakuna aliyejua ngoma itapigiwa nani kesho. Walipiga kana kwamba kesho ipo.

Sahani hiyo ilisafiri. Mwaka 1971 mpiga piano Mfaransa Michel Bernholc, kwa jina la bandia la Mike Steiphenson, aliichukua sauti ya ngoma zile kama ilivyo, akaongeza magitaa na vinanda juu yake, na kuitoa kwa jina la "Burundi Black". Iliingia katika orodha ya sahani zinazouzwa sana Uingereza. Mwaka 1975 Joni Mitchell, mwandishi wa nyimbo kutoka Kanada, aliiweka sauti ile ile chini ya wimbo wake "The Jungle Line", jambo ambalo wakati huo karibu hakuna aliyekuwa amelifanya katika muziki wa pop. Kwenye jalada ziliandikwa kuwa ngoma za mashujaa wa vita wa Burundi, ngoma za mavuno na kusimikwa mfalme zikavalishwa ngao na mikuki. Kisha ikakaribia 1980. Malcolm McLaren, aliyewahi kulisimamia kundi la Sex Pistols, alimpa kijana wa London, Adam Ant, kanda ya nyimbo za kusikiliza, na ngoma za Burundi zilikuwamo. Adam and the Ants wakaajiri wapiga bateri wawili kwa mpigo, Chris Hughes na Terry Lee Miall, kwa kuwa mmoja hakutosha kuibeba sauti hiyo, na albamu yao "Kings of the Wild Frontier" ndiyo iliyouzwa kuliko zote Uingereza mwaka 1981. Kundi jingine la McLaren, Bow Wow Wow, lilijengwa juu ya mdundo huo huo. Vijana waliojipaka rangi usoni na kucheza kwenye kumbi za London walikuwa wakicheza juu ya amashakwe.

Nataka kusimama hapa kidogo, kwa sababu ya jambo aliloandika mkosoaji Robert Palmer, ambaye hakuwa na undugu na Earl, katika gazeti la New York Times mwaka 1981. Alisikitika kwamba wapigaji wa asili hawakuwa wakipata sehemu ya faida, na aliwaita waliochukua kazi yao maharamia. Kwa hilo namheshimu. Lakini alisema pia kwamba midundo ile haina utata kama ilivyo sehemu kubwa ya ngoma za Afrika, na kwamba ndiyo maana ilikuwa rahisi kuchukuliwa. Hapo nadhani alisikiliza kwa kalamu. Ni kweli kwamba pigo la amashakwe unaweza kuliandika kwenye karatasi ndogo. Pigo la Earl Palmer katika "The Fat Man" nalo linaandikika katika mstari mmoja. Mtoto wa shule anaweza kulikariri kabla ya chakula cha mchana. Ugumu uko katika kulipiga kwa robo saa, watu ishirini, bila kondakta, bila yeyote kukimbia, na kila dakika chache mmoja wenu anatoka na mwingine anaingia bila pengo kusikika. Bernholc aliongeza vinanda, Adam Ant aliongeza wapiga bateri, na studio za London zilikuwa na mashine za kurudia sauti mara nyingi kadiri zilivyotaka. Wote walihitaji vifaa ili kukaribia kile ambacho wanaume wa vilimani walikifanya wamesimama juani.

Tena walichukua sauti wakaacha mpango. Katika rock and roll mtu wa mbele hubaki mbele. Mwimbaji Mick Jagger hakurudi nyuma kumshikia mapigo mpiga bateri wake, Charlie Watts. Zamu, ambayo ndiyo roho ya nusu duara, haikuingia kwenye kanda, kwa kuwa kanda haionyeshi nani ametoka na nani ameingia. Julai 1982, mwanamuziki Peter Gabriel na wenzake walipofanya tamasha la kwanza la WOMAD huko Shepton Mallet, Uingereza, wapiga ngoma wa Burundi walikuja wenyewe, wakapiga, na hata kupanda jukwaani pamoja na kundi la rock la Echo & the Bunnymen. Tamasha lilikula hasara kubwa ya fedha. Lakini kwa mara ya kwanza wapenzi wengi wa sauti ile waliona kwa macho kwamba ngoma hizo zina miguu, kwamba mtu hutoka na kurudi.

Kwa upande wetu wa mto, rock ilifika kwa njia nyingine. Kinshasa, tarehe 24 Desemba 1969, vijana waliokuwa wakisikiliza sahani za Ulaya na Marekani walianzisha Zaiko Langa Langa, wakaachana na matarumbeta ya wakubwa wao na kuyaacha magitaa na bateri yabebe kila kitu. Mpiga bateri wao, Meridjo Belobi, ndiye anayehusishwa zaidi na ule mdundo wa cavacha, na inasimuliwa kwamba ulitokana na mlio wa treni. Vijiti havikai: ngoma ndogo na tasa vinazungushwa mfululizo, kwa wepesi, bila kupumua. Mdundo huo ulivuka nchi. Super Mazembe na Les Mangelepa, Wakongomani waliohamia Nairobi katika miaka ya 1970, waliubeba chini ya nyimbo zao za Kiswahili, na Wakenya wakauchukua kama wao. Katika harusi za Uvira, sebene, ile sehemu ya magitaa ya kuchezea, ikianza, watu humshangilia mpiga solo anayepanda juu kabisa kwenye nyuzi nyembamba. Hakuna anayemgeukia mtu wa bateri. Siku akikosea ndipo wote wanamgeukia.

Ndiyo maana nasema ngoma ya jirani ina la kutufunza hata sisi tunaojivunia gitaa. Tungeweza kuwa na sebene ya zamu. Tungeweza kumwona mpiga solo akiweka gitaa chini na kushika maraka huku mwenye maraka akisogea mbele. Nimeona vijana wachache wakifanya hivyo kanisani, katika kwaya zenye magitaa mawili na bateri iliyounganishwa kwa waya, bila mtu kuwaambia, na nilifurahi kuliko nilivyofurahia wimbo wenyewe.

UNESCO iliiandika ngoma ya kifalme ya Burundi katika orodha ya urithi wa binadamu mwaka 2014. Miaka mitatu baadaye, Oktoba 2017, amri ya Rais Pierre Nkurunziza iliwakataza wanawake kuipiga na kuyabana makundi kwa vibali. Najua hoja ya desturi, na desturi naiheshimu. Lakini Karyenda yenyewe ilikuwa na mwanamke aliyewekwa wakfu kwake, Mukakaryenda, na ngoma iliyokuwa chini ya ulinzi wa mwanamke haiwezi kuchafuliwa na mikono ya mwanamke. Wanawake wa nchi hizi wameshika mapigo ya nyumba, ya shamba na ya soko katika miaka ambayo wanaume waliyaacha yaanguke. Wakitaka zamu kwenye inkiranya, wapewe.

Mwaka 2000, jumba la heshima la rock and roll lililoko Cleveland lilifungua kwa mara ya kwanza mlango wa wapigaji wa nyuma, wale ambao majina yao hayakuwa mbele ya jalada. Earl Palmer alikuwa miongoni mwa watano walioingia siku ile, akiwa na umri wa miaka 75, nusu karne baada ya "The Fat Man". Mlango huo ukiwa wazi, basi wapo watu zaidi ya ishirini wa Burundi wanaostahili kupita. Mdundo wao umesikika katika nyumba za mamilioni ya watu, na sahani zilizouzwa juu yake zina majina ya mpiga piano wa Paris, mwimbaji wa Kanada na kijana wa London. Ni zaidi ya nusu karne tangu 1967. Wengi wao wameshatangulia. Lakini huko vilimani zipo familia ambazo bado zinachonga na kupiga, na katika familia za namna hiyo watu hukumbuka nani alisimama wapi. Aende mtu mwenye daftari, kabla waliowaona wakipiga hawajaisha, awapigie sahani ile ya Vuylsteke na kuwauliza: aliyesimama kulia alikuwa nani, na aliyemfuata, na yule wa mwisho kabisa kwenye amashakwe, mtoto wa nani?